Nyumba ya Mjinga Niliyoijenga Muleba

Nimejenga nyumba nyingi ambazo hakuna mtu aliyewahi kulala ndani yake. Nimejenga duka lisilo na nyuma, na hospitali yenye kitanda kimoja na ukuta mmoja. Nimejenga baraza la mahakama ambalo upepo wa ziwani uliliangusha kabla hakimu hajaketi. Kule Bumbire nilijenga nusu ya mtumbwi, nusu tu, kwa sababu nusu nyingine isingeonekana kwenye picha. Wavuvi wa kisiwani walikuja kuutazama, wakazunguka nyuma, wakacheka mpaka wakakaa chini.

Hiyo ndiyo kazi niliyowafanyia watu wa sinema waliokuwa wakizunguka nchi yetu kwa malori, wakipiga picha za kuwafundisha wananchi kuchimba vyoo, kupalilia kahawa na kuua mbu. Mimi niliwatengenezea mahali. Wao waliweka watu mbele ya mahali hapo, wakapiga. Kazi hiyo kwetu haikuwa na jina. Mkalimani wao aliniita "boi wa mbao." Mama yangu aliwaambia wenzake kanisani kwamba mwanawe anajenga vivuli. Kati ya hao wawili, mama alikuwa karibu zaidi na ukweli, na mkalimani alikuwa mshenzi. Jina lake silitaji, maana watoto wake wanasoma pamoja na wanangu, lakini akisoma hapa atajijua.

Kazi niliianza vitani. Shule niliiacha baba alipokufa, nikiwa naweza kuandika jina langu na kusoma Injili polepole kwa kidole. Nilipoingia jeshini hawakunipa bunduki muda mrefu, kwa kuwa nilijua kufunga matete na kamba za migomba kama mtu yeyote aliyelelewa katika msonge, nyumba yetu ya duara ya nyasi. Huko Burma wakanipeleka kwa koplo mmoja Mganda, mtu mfupi mwenye kikohozi, ambaye kazi yake ilikuwa kutengeneza malori ya mianzi na maturubai ili ndege za Wajapani zidanganyike. Siku ya kwanza nilimtengenezea lori lenye kila kitu, hata taa. Akalitazama, akanitazama.

"Nani atapanda humu?" akauliza.

"Hakuna mtu, afande."

"Basi taa za nini? Usitengeneze lori, ndugu yangu. Tengeneza kile ambacho mtu aliye mbali, mwenye haraka, mwenye hofu, atakiita lori."

Kwa maneno hayo nimekula na kusomesha watoto. Ndege zilikuja, zikayapiga mabomu malori yetu ya mianzi, sisi tumelala kwenye mtaro upande wa pili tukitetemeka. Mimi ni mzima leo kwa sababu ya mianzi ile. Mguu wangu wa kushoto uliumia katika safari ya kurudi, ndiyo maana nauburuta, lakini nilirudi. Wengi tuliopanda nao meli hawakurudi. Koplo yule naye hakurudi, kikohozi kilimmaliza. Nikimwombea kwa Mungu, siombi kwa kifupi.

Nyumbani nilikuta mkungu wetu, yaani mkuu wa kijiji, amekwisha kunitangaza marehemu. Si kwamba alipata habari mbaya akakosea. Alitaka kipande cha kibanja chetu kilichopakana na chake, chenye migomba iliyopandwa na babu, akamwambia mama kwamba mjane asiye na mwana hana haja ya shamba kubwa. Mama alimkatalia uso kwa uso. Nilipotokea nikiburuta mguu, mkungu alinisalimu kwa furaha kubwa sana, na tangu siku hiyo akawa adui yetu.

Nikaenda mjini Bukoba, nikapata banda Rwamishenye, nikawa natengeneza milango na majeneza. Huko ndiko watu wa sinema waliponikuta. Bwana Picha, ndivyo tulivyomwita mkubwa wao, alikuwa Mwingereza mrefu aliyeunguzwa na jua mpaka masikio yakabanduka. Alikuwa anatafuta mtu wa kupiga misumari. Akaniona ninapaka jeneza la mti mwororo rangi ya masizi na mafuta ili lionekane la mvule, akacheka, akaniambia nipande lori.

Picha yenyewe ilikuwa ya ndugu wawili. Mmoja ana akili: ana choo, ana dirisha, mbuzi wake wana zizi lao. Mwingine mjinga: analala na mbuzi, takataka mlangoni, watoto wanaumwa. Ilikuwa ipigwe Muleba, kwetu. Nyumba ya mwenye akili ilipatikana upesi, ya mwinjilisti, ya matofali na mabati. Ile ya mjinga, mkalimani alisema, nayo imekwisha kupatikana, mkungu ameionyesha.

Tulikuwa njiani tunatoka Bukoba, mimi nyuma ya lori juu ya mbao, wao mbele, dirisha dogo liko wazi. Mkalimani alikuwa anamsimulia Bwana Picha kwa Kiingereza. Kiingereza changu ni cha jeshini: amri, matusi na vipande vya injini. Lakini neno la uchafu nilikuwa nimelisikia kila siku kwa miaka, na neno la mjane nilijifunza kwa barua walizoandikiwa wake wa wenzangu waliokufa. Halafu akataja kona ya barabara, na mti wa mwisho kabla ya kona, na kibanja cha kushoto. Kwetu.

Niliposhuka nilikwenda moja kwa moja kwa mama. Nilimkuta amejifunga vitenge viwili na anawaamrisha watoto wa jirani wakate nyasi za kutandika ndani.

"Umekuja!" akasema. "Umesikia habari? Wazungu wanakuja kupiga picha nyumba yangu. Itaonyeshwa mpaka pwani. Mkungu mwenyewe amekuja kuniambia, na mtu wa mjini mwenye viatu. Wamesema nyumba yangu ni nyumba ya mfano."

"Mfano wa nini, Mawe?" Hivyo ndivyo tunavyomwita mama kwa Kihaya.

"Wa nyumba! Mfano wa nyumba. Umekwenda Burma ukarudi umesahau Kiswahili?"

Mkalimani hakumdanganya hata neno moja, na hilo ndilo lililonichoma. Mfano mzuri, mfano mbaya, Waswahili wana neno hilo hilo moja, na mama yangu, ambaye Kiswahili alikisikia kanisani na sokoni tu, alilipokea kama zawadi. Alikuwa amekwisha kuwaambia kina mama wote wa kwaya. Mkungu naye alijua kabisa anachofanya. Alishindwa kumnyang'anya migomba, sasa alitaka kumnyang'anya uso. Picha ikishaonyeshwa, Tanganyika nzima ingemcheka, na hapo Muleba asingeweza tena kupita njiani.

Na nyumba yake haikuwa chafu! Ilikuwa msonge wa zamani, alioujenga baba, nyasi mpaka chini, mbuzi upande wao na watu upande wao, kama nyumba zetu sote zilivyokuwa. Lakini ningemwambiaje? "Mama, wamekuchagua kwa uchafu"? Angekufa mbele yangu.

Nilikwenda kwa Bwana Picha nikamwambia kwamba msonge una giza. Hilo nalo lilikuwa kweli. Akaingia na kile kisanduku chake cha kupimia mwanga, akakaa humo kidogo, mama akamkaribisha kwa Kihaya na kumpa kigoda, kisha bwana akatoka akipikicha macho.

"Giza kama tumbo la ng'ombe," akasema kwa Kiswahili chake. "Kamera haioni kitu."

"Nitakujengea wa kwako, bwana," nikasema. "Nusu msonge. Upande mmoja wazi, jua liingie."

Akafikiri, akakubali. Namshukuru. Alikuwa mtu wa hasira, na baadaye alinifanyia ubaya nitakaousema, lakini siku ile angeweza kukata ukuta wa nyumba ya mama kwa shoka, alikuwa na ruhusa ya mkungu, wala hakukata.

Mkalimani alinuna. "Wewe boi wa mbao, nani amekuomba shauri?" Mama alinuna zaidi. "Umeninyang'anya wageni wangu," akasema, akanigeuzia mgongo, na siku zote za ujenzi hakusema nami. Chakula alinipelekea kwa mkono wa mtoto.

Nikajenga kwenye rweya, ile mbuga ya nyasi kando ya barabara. Nikaweka nguzo, nikakunja matete, nikafunga duara baada ya duara kuanzia kileleni kama baba alivyofanya, ila nilipofika katikati nilisimama. Msonge uliokatwa katikati ni kitu cha kutisha kidogo. Wazee walipita wakatazama ndani bila kupita mlangoni, wakasonya. Nikakata migomba nikaichomeka ardhini kuwa shamba. Baada ya nusu siku ya jua ilikuwa imelegea kama walevi, nikajifunza kuibadilisha kila asubuhi. Nikajifunza pia kwamba katika picha ile isiyo na rangi udongo wetu mwekundu unakuwa mweusi, na kitambaa cheupe kinang'aa kama taa mpaka ukichovye katika maji ya kahawa. Mambo hayo hakunifundisha mtu. Nilikosea, Bwana Picha akapiga kelele, nikarekebisha.

Kelele kubwa zaidi alipiga alipoiona nyumba yenyewe.

"Hii ni nyumba ya mfalme!" akasema. "Mimi nataka ya mjinga!"

Kweli, mkono wangu ulikuwa umekataa kujenga vibaya. Basi nikaanza kuichafua. Nikaokota vyungu vilivyovunjika, majani yaliyooza, matambara kutoka madukani. Nikachanganya masizi na maji nikanyunyizia kuta. Nikang'oa nyasi za paa hapa na pale. Nikaleta samadi kwenye ndoo. Jioni Bwana Picha akapita akaziba pua kwa furaha, akasema kesho tunapiga.

Kesho yake tulipofika na lori, nyumba ilikuwa inang'aa.

Kina mama wa kwaya walikuwa wameamka mapema. Takataka zote zilikuwa zimekwisha kuchomwa. Kuta zimefutwa. Sakafu nzima imetandikwa nyasi mbichi zinazonukia, zimepangwa kwa mistari kama nywele zilizosukwa, na katikati wameacha kinjia cha wageni kupita. Na aliyeshika fagio, amesimama mlangoni, jasho linamtoka, alikuwa mama yangu.

Bwana Picha alivua kofia akaitupa chini. "Nani? Nani amefanya hivi?"

Mkalimani akawageukia kwa Kiswahili cha juu. "Nyie wanawake hamna akili? Hii nyumba ilitakiwa chafu!"

"Chafu?" akauliza mama. "Na wageni wanakuja?"

"Si nyumba ya mtu, mama. Ni ya uongo!"

"Ni ya mwanangu," akasema mama. "Hata kama ni ya uongo, ameijenga yeye. Sitakubali ipokee wageni kama zizi." Kisha akanitazama mimi, mara ya kwanza tangu tugombane. "Umewahi kuniona napokea wageni hivi? Nani alikulea?"

Nilisimama pale nikiwa na hamu ya kucheka na kulia. Alikuwa na hasira na mimi, na alikuwa ameamka gizani kunisafishia nyumba. Yeye alidhani bado ni heshima, ila imehamia kwangu.

Kina mama walikataa kabisa kuichafua. Mmoja alisema mkono wake utakauka. Na shida haikuishia hapo. Mtu aliyetolewa Bukoba kuigiza mjinga, karani mmoja, aliposikia wasichana wanauliza ni nani kati ya waigizaji ndiye mjinga, alivua lile tambara alilovikwa akasema yeye ana mchumba, akapanda lori akakaa.

Hapo ndipo jirani yetu alipojitokeza. Yeye alikuwa Mkatoliki, sisi Walutheri, lakini si hilo lililomfanya mama asimsalimie. Alikuwa mlevi wa rubisi, pombe ya ndizi, hana mke, na alipenda kuimba anapopita mbele ya kanisa letu. Alikuwa amekaa kwenye kichuguu tangu asubuhi akitazama sinema kabla haijapigwa.

"Bwana mkubwa," akamwambia Bwana Picha, "unalilia nini? Waondoe mama hawa. Niache mimi humo ndani na mbuzi wangu na kibuyu kimoja. Jua likifika hapa," akaonyesha juu kidogo ya migomba, "utaomba mwenyewe nitoke."

"Na jina lako?" mkalimani akamdhihaki. "Utaonyeshwa nchi nzima kuwa mjinga."

"Jina gani? Nilikuwa nalo, nikalinywa."

Watu wakacheka. Bwana Picha hakuelewa, lakini alielewa kicheko. Jirani akaingia. Mbuzi wakala nyasi za mistari, wakajisaidia juu ya zilizobaki. Akamwaga, akapika, akaunguza, akalala na miguu jikoni. Nimefanya kazi ile miaka mingi, nimechafua kuta kwa kila dawa, lakini sijawahi kuweza kufanya alichofanya mtu yule kwa kuishi tu. Wakapiga picha. Aliigiza vizuri kuliko mwinjilisti, aliyeigiza mwenye akili akisimama karibu na choo chake kama anayesubiri kubatizwa.

Filamu zikapelekwa mbali kuoshwa. Mimi nikaendelea na kazi, lori hili na lile, duka lisilo na nyuma, hospitali ya ukuta mmoja. Nguzo za msonge wangu mkungu alizibeba akajengea banda la mbuzi wake. Na picha iliporudi, mwanzoni kabisa yalikuwepo maandishi ya majina. La Bwana Picha lilikuwepo. La mkalimani lilikuwepo, eti mshauri wa mila na makazi. Langu halikuwepo, wala la jirani. Nilimuuliza Bwana Picha, akasema nafasi ilikuwa ndogo. Nafasi! Shuka lote lile la kuonyeshea picha.

Ikaonyeshwa Muleba, kiwanja cha mpira, giza lilipoingia tu. Injini inanguruma, shuka limetundikwa kwenye milingoti niliyosimika mwenyewe, watu wamekaa mpaka juu ya miti. Mama alikaa mbele na kina mama wa kwaya. Mkungu alikuwa kwenye kiti. Mkalimani alishika kipaza sauti, kwa sababu picha haikuwa na sauti, yeye ndiye aliyeeleza, Kiswahili kisha Kihaya.

Watu walipoiona nyumba ya mjinga walipiga yowe. Niliona mabega ya mama, yaliyokuwa yakitikisika kwa kicheko, yakitulia polepole. Alikuwa anasoma ile picha: hii nyumba safi, hii nyumba chafu, huyu mwenye akili, huyu mjinga. Nilimwona anaanza kuhesabu moyoni ni ipi kati ya hizo iliyokuwa iwe yake. Nikasogea, lakini mguu wangu si wa kukimbia katikati ya watu waliokaa.

"Msidhani nyumba kama hii ni ya kubuni!" mkalimani akasema kwenye kipaza sauti, na nilimwona mkungu akitabasamu. "Hata hapa hapa Muleba tulionyeshwa moja, ya mama mmoja mjane, pale kwenye kona ya—"

"Yangu!"

Kivuli kikubwa kikaanguka juu ya shuka. Jirani yetu alikuwa amesimama mbele ya mwanga, mikono juu, anayumba.

"Ni yangu! Nyumba hiyo ni yangu, na mjinga ni mimi! Mnatazama shuka la nini? Nitazameni mimi bure!"

Mkalimani akajaribu kuendelea. "Kaa chini wewe! Nilikuwa nasema, mjane—"

"Mjane ni mimi! Mke wangu alikuwa kibuyu, amevunjika!"

Uwanja mzima ukalipuka. Watu walilia kwa kucheka. Watoto wakaanza kumwita, "Mjinga! Mjinga!" naye akawainamia huku na huku kama chifu. Mkalimani alipiga kelele mpaka kipaza sauti kikalia filimbi, lakini hakuna aliyesikia neno, na picha ikapita, ikafika kwenye sehemu ya mbu.

Jina hilo halikumwacha tena. Mpaka leo wanaomjua wanamwita Mjinga, na wasiomjua wanaambiwa. Sinema ile ilikwenda Biharamulo, ikaenda Mwanza, ikaenda pwani, naye akachekwa na watu ambao hatawaona kamwe. Ilikuwa sehemu ya mama yangu, akaibeba yeye. Watu waliotudhulumu nimewasema na sijutii. Mkungu, mkalimani, na Bwana Picha kwa ile nafasi yake ndogo. Lakini nikiwaweka wote upande mmoja, na upande wa pili nimweke mlevi yule peke yake na koplo wangu wa mianzi, mimi ni mtu niliyetendewa mema.

Asubuhi mama alijitanda, akachukua kikapu kidogo cha amwani, kahawa yetu ya kutafuna ambayo mgeni wa heshima hupewa kabla ya neno lolote, akaniambia nimfuate. Tukaenda kwa jirani. Hakuwa amewahi kukanyaga pale. Tulimkuta amekaa mlangoni kashika kichwa.

Mama akapiga magoti, akampa kikapu kwa mikono miwili, kama anavyopewa mkwe.

"Waitu," akamwambia. Ni neno tunalomwambia mkubwa.

Jirani akashtuka, akanitazama mimi. "Kijana, mwambie mama yako ainuke. Sikufanya kwa ajili yake. Nilitaka watu wanitazame, basi."

"Chukua," akasema mama.

"Nilikuwa nimelewa."

"Najua. Chukua."

Akachukua mbili, akazitia mdomoni, akatafuna muda mrefu, amefumba macho. Kisha akamwambia mama kwamba hazikukauka vizuri, na mama, ambaye hakuna mtu aliyewahi kumwambia hivyo, akajibu kwamba mvua zilikuwa nyingi mwaka ule, akaketi.